Harufu Tunayoitupa: Somo la Kutumia Ganda la Ndimu, Limau na Chungwa Jikoni

Ukipita jioni nyuma ya vibanda vya juisi Mtwapa, Kilifi mjini au Malindi, utakuta magunia ya maganda yakingoja kubebwa. Kutwa nzima machungwa na ndimu zimekamuliwa; maji yameuzwa, maganda yanakwenda jaani. Halafu mteja yule yule aliyekunywa juisi hupita dukani akanunua kichupa cha arki ya chungwa ili keki ya watoto inukie. Harufu anayoilipia ameiacha nyuma ya kibanda.

Katika toleo hili somo letu la jikoni linahusu ganda hilo: namna ya kulichagua, kuliosha, kulikwaruza, kulipikia na kuliweka. Tutalisema pia jambo ambalo vitabu vingi vya mapishi hulipita haraka. Ganda ndilo linalobeba harufu ya tunda, lakini ndilo pia linalopokea dawa inayonyunyizwa mtini. Anayetaka kulila hana budi kujua tunda limetoka wapi.

Harufu iko wapi hasa

Shika ndimu uitazame kwa karibu. Utaona vidoadoa vingi sana kwenye ganda, kama vinyweleo vya ngozi. Hivyo ni vifuko vya mafuta. Vimo katika tabaka la juu pekee, lile jembamba lenye rangi ya kijani, manjano au machungwa. Chini yake kuna tabaka jeupe, laini kama sifongo, lisilo na harufu ya maana na lenye uchungu. Kazi yote ya somo hili ni kulitoa lile la rangi na kuliacha jeupe mahali pake.

Sisi tuliokulia huku tuliyajua mafuta hayo kabla ya kuyajua mapishi. Nani hajawahi kumkamulia mwenzake ganda la chungwa machoni? Na waliothubutu kulikamua mbele ya mshumaa waliona cheche zikiruka, kwa kuwa mafuta hayo hushika moto upesi. (Watoto wasifundishwe hilo.) Sehemu yake kubwa ni kitu kinachoitwa limoneni, na hicho ndicho kinachojaza chumba kizima mtu mmoja anapomenya chungwa.

Hapa pana tofauti inayofaa kukaa kichwani. Maji ya ndimu huleta uchachu. Ganda huleta harufu bila uchachu. Kamulia ndimu kwenye chai ya maziwa na maziwa yatakatika papo hapo. Lakini kwaruza ganda kidogo la ndimu iliyokaushwa vizuri, litie kwenye chai ile ile, na maziwa yatabaki salama huku chai ikinukia. Ndiyo maana ganda linaingia mahali ambapo maji hayaingii: kwenye maziwa, krimu, unga wa mahamri, sukari na chumvi.

Kuchagua tunda

Wengi huanza kwa kuangalia rangi, na rangi inadanganya. Chungwa la Pwani hubaki na ukijani hata likiwa limeiva na kujaa sukari. Sababu ni joto letu. Rangi ya kijani hutoweka kwenye ganda pale ambapo usiku huwa na baridi ya kutosha, na usiku wetu hauna baridi hiyo. Chungwa la kijani kutoka Kaloleni au Chonyi si bichi kwa sababu tu ni la kijani. Likwaruze kidogo kwa ukucha ulinuse. Likinukia kwa nguvu, na likiwa zito mkononi kuliko unavyotarajia, ganda lake ni zuri. Tunda lililokaa siku nyingi huwa jepesi, ganda limekauka na kukazana kama ngozi, na mafuta yamepungua.

Machungwa yanayong'aa sana kwenye rafu za supamaketi, mengi yakitoka Afrika Kusini au Misri, kwa kawaida yamepakwa nta baada ya kuvunwa na kuoshwa. Nta huzuia tunda lisikauke safarini, na mara nyingi huambatana na dawa ya kuzuia ukungu. Ukimenya chungwa hilo na kulitupa ganda, hakuna tatizo kubwa. Ukitaka kulila ganda lenyewe, hesabu inabadilika. Kwa kazi hii, chungwa la jirani lenye makovu ni bora kuliko la mbali linalong'aa.

Lakini la jirani nalo lina swali lake, na hili tunaliomba mlisome kwa makini, wanunuzi na wakulima.

Michungwa na midimu yetu husumbuliwa na nzi wa matunda, vidukari na wadudu gamba, na wakulima wengi hunyunyiza dawa. Kila dawa iliyosajiliwa na bodi ya kitaifa ya kudhibiti dawa za wadudu, PCPB, huwa na maandishi kwenye mkebe yanayotaja siku za kusubiri, yaani siku zinazopaswa kupita kati ya kunyunyiza mara ya mwisho na kuvuna. Siku hizo hutofautiana kutoka dawa moja hadi nyingine. Mkulima anayenyunyiza Jumatatu na kuchuma Jumatano kwa sababu lori limefika amemuuzia mteja dawa pamoja na tunda. Kwa kuwa kiasi kikubwa cha mabaki hukaa kwenye ganda, anayekunywa juisi anaweza kuyakwepa mengi, lakini anayekwaruza ganda kwenye mahamri ya watoto hayakwepi.

Kwa hivyo uliza. Si utovu wa adabu kumwambia muuzaji, "Mzee, shikamoo. Miti hii ilinyunyizwa lini mara ya mwisho?" Mkulima mwangalifu atajibu bila kukasirika. Asiyejua, au anayeuza matunda ya mtu mwingine, mnunulie ya kukamua, na ganda uliache. Wenye mti mmoja au miwili nyuma ya nyumba wana bahati hapa, maana ndimu ya uani isiyonyunyizwa kitu ndiyo bora kuliko zote kwa somo hili.

Kwa mkulima anayetaka kupunguza dawa, hatua ya kwanza haina gharama: okota matunda yote yaliyoanguka na uyazike kwenye shimo refu, au uyafunge kwenye mfuko mzito wa plastiki na kuuacha juani, kwani humo ndimo funza wa nzi wa matunda wanamokulia. Afisa wa kilimo wa wadi yako anaweza kukueleza mengine, pamoja na namna ya kuyasoma maandishi ya mkebe, ambayo tunakubali yamechapishwa kwa herufi ndogo mno.

Kuosha

Osha tunda zima kabla ya kulikata. Tumia maji yanayotiririka, au umimine kwa kikombe kama huna bomba, na ulisugue kwa brashi safi au kitambaa kigumu. Weusi kama masizi unaouona kwenye baadhi ya machungwa ni ukungu unaoota juu ya utomvu wa wadudu. Uko nje tu na hutoka kwa kusuguliwa. Sabuni ya vyombo au ya kufulia isitumike, kwa sababu ganda hufyonza na ladha yake hubaki. Tunda lenye nta lisugue kwa maji ya moto kiasi mkono unaweza kuvumilia, uone lilivyopoteza mng'ao. Kuosha huondoa vumbi, vijidudu, nta kiasi na dawa iliyo juu. Dawa iliyokwisha kuingia ndani ya ganda haiondoki kwa maji, wala kwa siki, wala kwa chumvi, na ndiyo sababu tumeanza na swali la mtini kabla ya kufika kwenye karai.

Ukimaliza, lifute likauke kabisa. Tunda lenye maji huteleza, na ganda lake hugandamana kama uji.

Kukwaruza

Kwaruza kwanza, kata na kamua baadaye. Ndimu iliyokwisha kukamuliwa hulegea mkononi na huwezi kuikwaruza bila kuchubua vidole.

Kifaa cha kukwaruzia karoti kinatosha, kwa upande wake wenye vitundu vidogo kabisa. Kiweke juu ya sahani, shika tunda kwa mkono mwingine, lipitishe mara moja au mbili kwa wepesi, kisha ligeuze kidogo uendelee pengine. Usirudi mahali ulipokwisha kuona weupe. Ndimu zetu za kienyeji zina ganda jembamba sana, kwa hiyo mkono uwe mwepesi zaidi. Limau lenye ganda nene la mabonde linavumilia. Chenza ndilo sumbufu kuliko yote, kwa vile ganda lake limelegea na hubonyea. Mimi huliacha lile la kukwaruza, nikamenya na kulikausha.

Asiye na kifaa hicho atumie kisu chenye makali. Menya vipande vyembamba vya ganda kama unayemenya kiazi, kisha vilaze ubaoni weupe ukiwa juu, uuparuze kwa kisu ulichokilaza. Utakachobaki nacho kikate nyuzi nyuzi, halafu kikatekate kiwe chembe. Inachukua dakika tano zaidi, na ladha ni ile ile.

Limau moja la wastani hutoa karibu kijiko kikubwa kimoja cha ganda lililokwaruzwa. Chungwa hutoa kijiko kikubwa kimoja na nusu hadi viwili. Ndimu hutoa kijiko cha chai kimoja hivi.

Kulipikia

Kanuni ni mbili. Mafuta ya ganda hupenda kushikwa na mafuta, sukari au chumvi. Na hukimbizwa na mvuke. Basi lisugue ganda ndani ya sukari, chumvi au samli mapema, na chakula kinachochemka kitie mwishoni, sufuria ikiwa karibu kuteremshwa. Mwenyewe nililijua hili kwa hasara: nilitia ganda la malimau mawili kwenye shira tangu mwanzo, nikachemsha dakika ishirini, nikapata shira chungu isiyonukia chochote ila nyumba nzima ilinukia.

Tuanze na mahamri, maana ndiyo yanayopikwa nyumba nyingi. Kwa unga wa ngano nusu kilo, tia nusu kikombe cha sukari kwenye bakuli kwanza, bila unga. Juu yake kwaruzia ganda la chungwa moja kubwa au la ndimu mbili, na utie kijiko cha chai kimoja cha iliki iliyopondwa. Sasa yasugue hayo kwa ncha za vidole, kama unayevunja siagi kwenye unga, mpaka sukari iwe na unyevu kama mchanga wa pwani maji yanapokupwa na ibadilike rangi kidogo. Hapo mafuta yametoka kwenye vifuko na kushikwa na sukari. Ndipo utie unga, vijiko viwili vya chai vya hamira na chumvi kidogo, kisha ukande kwa tui zito la vuguvugu, kama kikombe kimoja na robo, ukilimimina kidogo kidogo mpaka unga ushikane na kuacha kunata. Kanda dakika kumi hadi kumi na tano. Funika uumuke saa moja au mbili, halafu endelea kama kawaida yako. Iliki haishindwi na ganda; zinapatana. Ila chungwa lizidi kijiko kikubwa kimoja na nusu, na mahamri yataanza kuwa keki.

Shira ya kaimati ni mahali pengine ambapo ganda na maji ya ndimu hufanya kazi mbili tofauti katika sufuria moja. Chemsha vikombe viwili vya sukari na kikombe kimoja cha maji. Sukari ikiyeyuka, tia kijiko cha chai kimoja cha maji ya ndimu. Watu wa zamani walifanya hivyo bila kueleza sababu, na sababu yake ni kwamba uchachu hugawanya sukari kiasi, ndipo shira isigande na kurudi kuwa chembe ikipoa. Shira ikinata baina ya vidole, zima jiko. Sasa ndipo utie ganda la limau moja, ufunike dakika tano, kisha umimine kaimati.

Kwa samaki, ganda lina faida ambayo maji hayana. Changu au tafi ukimwacha kwenye maji ya ndimu muda mrefu, nyama hugeuka nyeupe na kuanza kukatika kabla hajaona moto. Dakika kumi na tano hadi ishirini zinamtosha. Basi ukitaka kumlaza na viungo tangu asubuhi, mpake tangawizi, kitunguu saumu, pilipili, chumvi na ganda la ndimu, umweke kwenye friji, na maji ya ndimu uyakamulie karibu na kumpika. Mchuzi wa nazi utie chembe za ganda baada ya kuuteremsha.

Halafu kuna chumvi ya ndimu, ambayo naamini ingekuwa kwenye kila kibanda cha mahindi ya kuchoma na mihogo ya kukaanga kaunti nzima. Tayari tunasugua mahindi kwa kipande cha ndimu kilichochovywa kwenye chumvi na pilipili. Chukua nusu kikombe cha chumvi laini, ganda la ndimu nne na nusu kijiko cha chai cha pilipili ya unga. Sugua kwa vidole, tandaza kwenye sinia usiku kucha mahali pakavu, asubuhi vunja madonge na utie kwenye chupa pamoja na punje chache za mchele mkavu za kufyonza unyevu. Hata viazi karai vya jana vinaamka nayo.

Uji wa mtoto, mtindi, saladi ya matunda, wali mweupe uliokwisha kuiva: kote huko chembe kidogo mwishoni zinatosha.

Kuliweka

Msimu ukifika ndimu zinauzwa fungu kwa bei ya chini. Miezi ikipita, ndimu moja inauzwa bei ya fungu. Ganda linawekeka. Mwenye freza alikwaruze, alifungie kwenye mfuko mdogo uliotolewa hewa, naye atalitumia kwa miezi kadhaa bila kuliyeyusha kwanza.

Asiye na freza akaushe. Menya vipande vyembamba visivyo na weupe, uvitandaze kwenye uteo au sinia, ufunike kwa kitambaa chepesi cha kuzuia nzi na uweke kivulini penye upepo. Jua kali hukausha haraka lakini huondoka na harufu. Siku mbili hadi nne kipande hukatika kwa mlio kikikunjwa; hapo kiko tayari kutwangwa na kuwekwa kwenye chupa ya kioo yenye kifuniko cha kukaza. Tumia theluthi ya kiasi ambacho ungetumia kikiwa kibichi. Wakati wa masika usijaribu. Unyevu wa Pwani hautakuachia, na ganda lenye ukungu halisafishiki, litupwe. Msimu huo tumia njia ya sukari: kikombe kimoja cha sukari kilichosuguliwa kwa ganda la malimau mawili, kikaachwa kikauke sahanini kisha kikafungwa, hukaa wiki kadhaa na hufaa kwa chai, uji na keki.

Wenzetu wa Oman wana njia yao ya kukausha ndimu nzima, kwa kuzichemsha kwenye maji ya chumvi na kuzianika mpaka ziwe nyepesi na nyeusi ndani, na ukibahatika kuletewa, zitoboe uzitie kwenye mchuzi wa nyama. Hilo ni somo la siku nyingine.

Mambo mawili ya afya

Ukimaliza kukwaruza au kukamua ndimu, nawa mikono kwa sabuni mpaka kwenye viwiko kabla ya kutoka nje. Ganda na maji ya ndimu yana kitu ambacho kikikaa kwenye ngozi na kupigwa na jua huiunguza. Kwa kawaida huonekana siku moja au mbili baadaye: wekundu, pengine malengelenge, kisha madoa meusi yanayoweza kukaa wiki au miezi. Wazazi wengine hudhani mtoto amemwagiwa maji ya moto. Watoto wanaosaidia kukamua ndimu za biashara, na wauzaji wanaokaa juani kutwa, wako hatarini zaidi.

La pili ni kwa wanaotumia dawa za kila siku. Balungi, maji yake na ganda lake, huweza kuongeza nguvu ya baadhi ya dawa za shinikizo la damu na za kupunguza kolesteroli kupita kiasi kinachotakiwa. Usiache dawa zako. Muulize mfamasia au muuguzi wa zahanati yako kama dawa yako ni miongoni mwa hizo, na mpaka akujibu, balungi liache. Tumia chungwa tamu la kawaida badala yake. Danzi si mbadala, maana lina tabia ile ile.

Kwa wanaofikiria kuuza

Tumeulizwa kama chumvi ya ndimu au ganda kavu linaweza kuwa biashara ya kikundi. Linaweza. Anayetayarisha chakula cha kuuza anahitaji cheti cha afya na leseni ya biashara ya kaunti, na bidhaa iliyofungwa kwenye pakiti ikienda madukani inahitaji alama ya ubora ya KEBS. Anzeni na ofisi ya biashara ya kaunti ndogo yenu kabla ya kununua chupa, si baada. Na ikiwa maganda yatatoka kwenye vibanda vya juisi, swali la dawa linarudi pale pale: mwenye kibanda awe anajua shamba lililomletea machungwa.

Mwisho, tunda lililokwaruzwa limevuliwa nguo. Bila ganda lake la juu hukauka na kuwa gumu kama jiwe kwa siku chache, hata ndani ya friji. Likamue siku hiyo hiyo. Maji usiyoyahitaji yagandishe kwenye trei ya barafu, kipande kimoja kwa glasi moja ya sharubati, na weupe uliobaki uende kwenye shimo la mboji.